Mpiga picha wa miaka 34 anataka kuongoza filamu: jibu langu kupitia safari ya Daisaku Kimura

"Shikamoo Mwalimu. Nina miaka 34, naishi Moshi. Nimeshika kamera miaka kumi na mmoja sasa: harusi, matangazo, na tamthilia mbili za televisheni. Nimeandika hadithi ya mpagazi wa Kilimanjaro na mwanawe, na nataka kuiongoza mwenyewe. Kila ninayemweleza ananiambia kazi yangu ni picha, uongozaji niwaachie wenyewe. Halafu nikasoma habari za Mjapani mmoja, Daisaku Kimura, aliyepiga picha miaka hamsini ndipo akaongoza filamu yake ya kwanza akikaribia miaka 70, tena filamu ya mlimani, na kamera akaishika yeye. Nilifurahi, kisha nikaingiwa na hofu. Je, ni lazima mtu asubiri kiasi hicho? Na je, niongoze na kupiga picha kwa pamoja ili nipunguze gharama, au nitaharibu vyote viwili?"

Marahaba, mdogo wangu. Barua yako nimeisoma mara tatu, kwa sababu nilipokuwa na umri wako niliambiwa maneno hayo hayo, tena na watu waliokuwa wananipenda. Umeuliza maswali mawili, lakini naona chini yake kuna la tatu ambalo hukulitamka: je, hao wanaosema wewe ni mtu wa picha tu, wamekuona vizuri kuliko unavyojiona? Nitayajibu yote, na Kimura tutakwenda naye njia nzima, maana habari zake umezipata nusu, na nusu iliyokosekana ndiyo unayoihitaji.

Kwanza tuondoe dhana ya kusubiri. Kimura alizaliwa Tokyo mwaka 1939. Mwaka 1958, akiwa kijana wa miaka kumi na minane au kumi na tisa, aliingia kampuni ya filamu ya Toho katika idara ya kamera, akiwa msaidizi wa chini kabisa. Studio za Japani za wakati ule zilikuwa na milango tofauti. Aliyeingia kwa mlango wa uongozaji alianza kama msaidizi wa mwongozaji, akapanda ngazi hiyo hadi siku aliyopewa filamu yake. Aliyeingia kwa mlango wa kamera alibeba masanduku, akapakia filamu gizani, akashika fokasi, yaani kuilinda picha isififie, na mwisho wa ngazi yake palikuwa na cheo cha mpiga picha mkuu. Hapakuwa na daraja kati ya ngazi hizo mbili. Kwa hiyo Kimura hakuwa amepanga foleni ya uongozaji kwa miaka hamsini akitazama saa. Alikuwa kazini, kwenye kazi aliyoipenda. Filamu yake ya kwanza akiwa mpiga picha mkuu ilitoka mwaka 1973. Piga hesabu: alikuwa na umri wako, na ndiyo kwanza anakabidhiwa kamera iwe yake.

Sasa nataka tukae kidogo kwenye ile miaka 15 ya mwanzo, kwa sababu watu wakisimulia habari zake huiruka. Toho ilimpeleka kwenye kikosi cha mwongozaji mashuhuri Akira Kurosawa. Alikuwa msaidizi wa kamera katika "Ngome Iliyofichwa" ya mwaka 1958, na katika "Yojimbo" ya mwaka 1961. Kazi yake ilikuja kuwa fokasi, na Kurosawa mwenyewe, ambaye hakuwa mtu wa kumwaga sifa, alimsifu kwa hilo.

Wewe umezoea kamera inayotafuta uso wa bibi harusi yenyewe, kwa hiyo vumilia nieleze fokasi ya siku zile. Ukiweka lenzi pana na mtu akasimama mita nne mbele yako, karibu kila kitu kitaonekana wazi. Akisogea hatua moja mbele au nyuma, hakuna kinachoharibika. Lakini Kurosawa alipenda kuziweka kamera mbali, zaidi ya moja kwa wakati mmoja, zenye lenzi ndefu. Lenzi ndefu inakata kina cha picha. Eneo lililo wazi linaweza kubaki vidole viwili vitatu tu: jicho liko wazi, sikio limeshafifia. Sasa mtu anatembea kuelekea kamera katika barabara yenye upepo na vumbi, na msaidizi ameshika pete ya lenzi, wala hatazami ndani ya kamera. Anakadiria umbali kwa macho yake makavu na kuizungusha pete kulingana na hatua za yule mtu. Alama zimewekwa chini, ndiyo, lakini mwigizaji aliyezama katika nafsi ya mhusika hakanyagi alama kama askari wa gwaride. Leo anasimama kiganja kimoja kabla, kesho anapitiliza. Na kama umekosea, hujui mpaka filamu isafishwe maabara, wakati huo upepo umekwishatulia na mamia ya watu wamekwisha kwenda kwao.

Namna pekee ya kuifanya kazi hiyo vizuri ni kujifunza kumsoma mwigizaji kabla hajatenda. Bega linashuka kidogo kabla mguu haujanyanyuka. Mtu huvuta pumzi kabla ya kugeuza shingo. Anayeshika fokasi kwa miaka mingi anakuwa mtu aliyemtazama mwigizaji kwa makini kuliko yeyote mwingine kwenye seti, pengine kuliko mwongozaji mwenyewe. Hapo ndipo Kimura alipoupata uongozaji wake, kwa maoni yangu. Watu hudhani mpiga picha akiwa mwongozaji anakuja na picha nzuri. Picha nzuri zinanunulika. Kitu ambacho hakinunuliki ni hiyo saburi ya kumtazama binadamu mpaka ujue atafanya nini.

Miaka iliyofuata nitaipitia haraka. Mwaka 1977 alipiga "Hakkodasan" ya mwongozaji Shiro Moritani, inayosimulia mkasa wa Januari 1902, ambapo wanajeshi 210 walipotelea kwenye theluji ya mlima Hakkoda na 199 wakafa. Waliipiga kwenye baridi na theluji za kweli. Mwaka 1980 alikwenda hadi Antaktika kwa ajili ya filamu ya Kinji Fukasaku. Kisha akafanya kazi kwa miaka mingi na mwongozaji Yasuo Furuhata na mwigizaji Ken Takakura, kuanzia "Eki" ya mwaka 1981, ikiwemo "Poppoya" ya mwaka 1999, ile ya mkuu wa kituo cha reli anayezeeka kwenye theluji ya Hokkaido. Itafute hiyo. Takakura anazungumza kidogo sana, na kamera haimharakishi. Imesimama, inamngoja.

Tufike mlimani sasa, maana ndiko unakotaka kwenda.

"Tsurugidake: Ten no ki" ilitoka Juni 2009, wiki chache kabla Kimura hajatimiza miaka 70. Inatokana na riwaya ya Jiro Nitta kuhusu wapima ramani wa jeshi walioupanda mlima Tsurugi mwaka 1907. Tsurugi maana yake ni upanga, na kwa imani ya watu wa huko haukuwa mlima wa kukanyagwa na mtu. Aliyewaongoza wapima wale, Chojiro Uji, alikuwa mwenyeji wa bondeni, mtu wa kubeba mizigo na kujua njia. Walipofika walikodhani hapajafika mtu, walikuta kichwa cha fimbo ya mtawa na ncha ya upanga, vyuma vya kale vilivyoachwa na watawa walioupanda zaidi ya miaka elfu moja kabla yao. Tena lile jiwe la alama walilotakiwa kulisimika kileleni halikupandishika kwa uzito wake, wakaweka alama ndogo zaidi. Jiwe lenyewe lilikuja kusimikwa mwaka 2004.

Ona namna alivyoipiga. Hakutumia picha za kompyuta, wala hakupiga picha hata moja kutoka kwenye helikopta. Waigizaji na mafundi walipanda kwa miguu wakiwa na vyombo mgongoni, wakalala kwenye vibanda vya mlimani, wakapiga kwa misimu ya miaka miwili, siku zipatazo 200. Uchovu unaouona kwenye nyuso si wa kuigiza. Na filamu inapoisha, kwenye orodha ya majina hakuna vyeo. Limeandikwa neno moja lenye maana ya "wenzetu", kisha majina yanafuata, waigizaji mashuhuri pamoja na wabeba mizigo, bila kutaja nani alifanya nini. Mara ya kwanza nilipoiona orodha ile niliirudisha nyuma nikaitazama tena. Mtu aliyeanza kwa kubeba masanduku ya wengine ndiye anayeweza kuwaza hivyo. Wewe unayeandika habari za mpagazi, naomba uitazame mpaka jina la mwisho.

Filamu hiyo ilimpa tuzo ya mwongozaji bora na ya upigaji picha bora katika Tuzo za Akademia ya Filamu ya Japani mwaka 2010. Lakini hakuna aliyekuja kumpa mradi ule. Aliitaka hadithi ile yeye, akashiriki kuuandika mswada, akazunguka mwenyewe kuwashawishi wenye fedha. Wasichana na vijana wengi wa kamera wananiuliza lini mtu "atawaamini". Kwa Kimura, yeye ndiye aliyeanza kuiamini hadithi, wengine wakafuata. Kwa hiyo jibu la swali lako la kwanza ni hapana, huhitaji kusubiri hadi miaka 70. Tena una kitu ambacho yeye hakuwa nacho kwa umri wako: hakuna studio inayokufungia mlango. Kinachokupasa ni kujiuliza kama hadithi hii ya mpagazi unaitaka wewe hasa, kiasi cha kuizungukia mwaka mzima ukikataliwa.

Swali la pili ni gumu zaidi, na sitakuficha kitu.

Kuongoza na kupiga picha ni kazi mbili zinazogombea macho yale yale. Mpiga picha anapotazama fremu, anatazama mwanga unavyoangukia shavu, upeo umelala sawa, kivuli cha maiki kimeingia au la. Mwongozaji anatazama kama mama huyu anayelia, analia kweli. Akili haifanyi yote mawili kwa ukamilifu katika sekunde ile ile. Nilijifunza hili vibaya. Zamani nilitengeneza filamu fupi Bagamoyo, nikaongoza na kushika kamera. Palikuwa na mzee anayesuka dema, na mwanawe anakuja kumwambia kwamba anauza mashua. Jua lilikuwa linazama, maji yamekuwa rangi ya shaba, nami nilikuwa nimezama kwenye yale maji. Tukalipiga tukio mara tatu, zote nikasema safi. Mezani wakati wa kuhariri ndipo nikaona: katika zote tatu mzee alikuwa ananitazama mimi pembeni ya kamera, ananiuliza kwa macho kama anafanya sawa. Alikuwa anamhitaji mwongozaji, na mwongozaji alikuwa anapiga picha maji. Tukio lile sikulitumia.

Sasa kwa nini Kimura aliweza? Kwanza, hakuwa peke yake nyuma ya kamera. Kuwa mpiga picha mkuu hakumaanishi kushika kila kamera. Alikuwa na wasaidizi aliowalea miaka mingi, wanaojua anataka nini kabla hajasema. Pili, alikuwa na miaka hamsini ya mazoea, kiasi kwamba kuchagua lenzi kwake ni kama wewe kufunga kamba za viatu. Na tatu, aina ya filamu yenyewe. Mlimani ukungu unafunguka dakika tatu, kisha unafunga hadi kesho. Hapo mwongozaji na mpiga picha wakianza kushauriana, dakika zimekwisha. Mtu mmoja mwenye mamlaka yote mawili anasema "piga", na picha inapatikana. Hiyo ni faida kubwa, na inakuhusu.

Hata hivyo gharama yake inaonekana. Nikiitazama "Tsurugidake" kwa jicho la mwalimu, mlima unanishika kuliko watu. Kuna maongezi ya nyumbani na ofisini yanayopita bila kuacha kitu, kana kwamba filamu inaharakisha kurudi kwenye theluji. Sidhani ni bahati mbaya. Filamu yake ya pili, "Haru o seotte" ya mwaka 2014, inamhusu kijana anayeacha kazi ya fedha mjini ili arithi kibanda cha marehemu baba yake mlimani, na inambidi ajifunze kupandisha mizigo kwa mgongo. Hapo nyuso zimepata nafasi zaidi. Ya tatu ilitoka mwaka 2018, "Chiri tsubaki", ya samurai, iliyopewa tuzo maalumu ya waamuzi kwenye tamasha la filamu la Montreal, na mswada aliandikiwa na Takashi Koizumi, aliyekuwa msaidizi wa Kurosawa. Mzee wa miaka karibu 79, mwenye tuzo kabatini, aliona afadhali neno alikabidhi kwa mwingine. Lizingatie hilo.

Tena Kimura si mfano pekee. Shinya Tsukamoto aliitengeneza "Tetsuo" mwaka 1989 kwa filamu ya milimita 16, akiongoza, akiigiza, akishiriki kupiga picha na kuhariri, na bado huzipiga nyingi za filamu zake. Lakini Tsukamoto hutumia kikosi kidogo sana na anajipa muda mrefu. Haharakishwi na mtu. Na Kazuo Miyagawa, aliyeielekeza kamera juani kupitia majani katika "Rashomon" ya mwaka 1950, alibaki kwenye kamera maisha yake yote, na hakuna anayemwona kuwa alikwama. Nalisema hili kwa sababu kuna uwezekano pia kwamba wewe ni Miyagawa. Hao wanaokuambia ubaki kwenye picha hawakutukani, ila hawana ushahidi. Ushahidi utaupata wewe ukimweka mwigizaji mbele yako na kamera ukaiacha nyumbani.

Kwa hiyo ningekuwa wewe ningefanya hivi. Matukio ya mlimani, yenye kutembea, mizigo, ukungu, ningepiga mwenyewe kama alivyofanya Kimura, pamoja na msaidizi mmoja hodari. Matukio ya nyumbani, hasa lile la ukurasa mmoja ulioniambatishia na barua, la baba kurudi usiku na mwana kukataa kumpokea mzigo, ningemwachia kamera mtu mwingine, nami nikakaa chini karibu na waigizaji, macho yangu yakiwa kwao tu. Gharama ya siku nne tano za mpiga picha wa kukodi ni ndogo kuliko ya tukio litakalotupwa. Na kabla ya yote, chukua ukurasa huo mmoja, tafuta waigizaji wawili, fanyeni mazoezi wiki nzima bila kamera. Kama siku ya tano unaona jambo jipya kwao na unajua la kuwaambia, endelea. Kama unajikuta unawaza dirisha na mwanga wake, tafuta mwongozaji, nawe uipige filamu hiyo kwa heshima zote.

Kuna mambo ambayo barua yangu haitoshi, inabidi uende kwa watu ana kwa ana. Kuongoza waigizaji hakusomwi. Nenda TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni pale Bagamoyo, omba kukaa kwenye mazoezi ya jukwaani, tazama mwalimu anavyomsahihisha mwigizaji bila kumvunja. Mswada na mikataba mpelekee wakili kabla hujapokea senti ya mtu, hasa kama anayetoa fedha anataka jina lake liwe la mmiliki. Vibali vya Bodi ya Filamu na vya hifadhi vishughulikie mapema, kwa mkono wako.

Na mlima wenyewe usiuchukulie kwa mazoea ya mtoto wa Moshi. Tsurugi una mita 2,999. Ukiwa njia ya Marangu, umeshaupita kabla hujafika kambi ya Horombo. Ukitaka kupiga Kibo, unawapeleka watu kwenye mwinuko ambao Kimura hakuwapeleka wake, na waigizaji hawana mapafu ya wapagazi. Pangeni siku za ziada za kuzoea hewa, daktari awapime kabla ya kupanda, na kiongozi wa mlima mwenye leseni awe na neno la mwisho juu yako wewe mwongozaji. Kichwa kikiuma na mtu akatapika, hapandi tena siku hiyo, na asipopata nafuu anashuka. Akianza kuyumba kama mlevi, kuongea asichokijua, au kukosa pumzi hali amekaa, anashushwa saa hiyo hiyo, hata kama mwanga ni wa ajabu na fedha ya siku imekwisha kulipwa. Betri zilale ndani ya mifuko yenu ya kulalia, kwa kuwa baridi inazimaliza, na kamera ifungwe kwenye mfuko usiopitisha hewa kabla haijaingia hemani, isije ikatoa jasho kwenye lenzi.

Mizigo ya vyombo ipimwe, kila mpagazi abebe uzito unaoruhusiwa na alipwe kama anavyolipwa kwa mgeni. Majina yao yaandike toka siku ya kwanza, kamili, kwa tahajia wanayoitumia wao. Utayahitaji mwishoni mwa filamu.